Goti la Papa Amosi

Nilipokuwa bado wa umri wa kutumwa mkate na kuaminiwa kurudi na chenji, tuliishi ghorofani South Beach, Durban, katika chumba kimoja kilichogawanywa kwa pazia. Upande mmoja tulilala mimi na Koko, bibi yangu mzaa baba. Upande wa pili alilala Tonton Fiston, mdogo wake baba, pamoja na viatu vyake vya mpira, ambavyo vilipata nafasi nzuri kuliko sisi. Baba mwenyewe alibaki kwetu Uvira, chini ya ardhi, na hilo hatukulizungumza.

Tonton alikuwa winga wa kushoto. Nalisema hilo kama watu wengine wanavyosema fulani alikuwa daktari. Siku za kazi aliosha magari, lakini ukimuuliza shughuli yake alikujibu ni mpira, na Jumapili, timu ya wakimbizi ilipocheza, hata vijana waliokuja kutuzomea waliishia kusema “eish” na kunyamaza. Alitaka kitu kimoja tu: kulipwa kwa kucheza.

Timu ilikuwa na kamati ya ufundi. Aliyekulia kwenye mpira wa Afrika Mashariki anajua kwamba kamati hiyo haihusiki na ufundi wowote wa kupiga pasi; inahusika na dawa. Mwenyekiti alikuwa Bwana Athumani, Mtanzania wa Tanga, muuza makava ya simu, mtu wa taratibu sana. Alifungua kikao kwa dua, akauliza kama akidi imetimia, ndipo akaja kwenye uchawi.

Klabu moja ya kulipwa, upande wa Chatsworth, ilipomwita Tonton kwenye majaribio, Bwana Athumani aliitisha kikao cha dharura chumbani kwetu.

“Kosa letu nimeliona,” alisema. “Siku zote tunawaomba wazee wetu. Haya, niambieni, mzee gani wa kwetu aliwahi kulipwa hata senti kwa kupiga mpira? Unamwombaje mtu kitu ambacho yeye mwenyewe hakukipata? Tunahitaji mtaalamu.”

“Na huyo mutaalamu iko wapi?” Tonton aliuliza.

“Makaburini. Mzungu.”

Alikuwa ameliona kaburi hilo akikatisha njia kwenye makaburi ya zamani ya mjini: jiwe lililochongwa mpira. Lakini Kiingereza chake kilikuwa cha kuuzia makava tu, na cha Tonton hakikufika hata hapo. Mimi nilikuwa nasoma shule ya hapa. Asubuhi iliyofuata nikachukuliwa kama mtaalamu mwelekezi, malipo yakiwa soda.

“Haya, Profesa, soma.”

Nikasoma, nikawafasiria. Amos Birtle. Mzaliwa wa Lancashire, Uingereza. Mchezaji mpira wa kulipwa. Jiwe hili limewekwa na marafiki wachache.

“Wa kulipwa!” Bwana Athumani alipiga makofi. “Imeandikwa kwenye jiwe! Kwetu hata waziri haandikwi hivyo.”

Tonton akavua viatu vyake, akaviweka juu ya kaburi. Bwana Athumani akamwaga maji ya chupa, akachota udongo kidogo, akaufunga ndani ya kitambaa kitakachoshonewa ndani ya soksi. Kisha Tonton akapiga magoti, na sauti yake ikawa ndogo kuliko nilivyowahi kuisikia. “Papa Amosi, mimi ni Fiston. Unipatie njia yako.”

Nyumbani Koko alikuwa anapika sombe, kisamvu chetu. Tulipomweleza, aliuliza swali moja tu, na aliniuliza mimi.

“Watu wake? Jiwe ilisema nani alimulilia?”

“Marafiki wachache, Koko.”

Akaacha mwiko ndani ya sufuria. “Fiston, sikia. Mufu mwenye watu wake hawakumulilia iko peke yake. Unamuomba mpira yake, atakupatia mpira, atakupatia na ile ingine yote yenye ilimufuata. Hajue kukata nusu.”

“Mama, mimi nilimuomba tu contrat, mukataba.”

“Ndiyo. Na yeye alisikia.”

Wiki ileile klabu ikamchukua.

Palikuwa na kikwazo kidogo. Tonton alikuwa na karatasi iliyothibitisha kwamba ameomba karatasi ya ukimbizi, na kwa karatasi ya namna hiyo mtu hasajiliwi. Meneja wa klabu akapata ufumbuzi: uwanjani Tonton angekuwa winga, kitabuni angekuwa mtunza bustani, na jezi angevaa ya mchezaji mwingine aliyekuwa majeruhi.

“Basi mimi ni jardinier mwenye mbio kuliko wote Afrika!” Tonton alisema, akambeba Koko juujuu, mwiko na yote.

Sitaki kuidharau miezi ile. Alilipwa. Alitembea kama mtu aliyekwisha kufika. Kisha mchana mmoja beki alimwingia vibaya na goti lake likapinda upande ambao magoti hayapindi.

Nilikwenda naye ofisi ya klabu kufasiri. Meneja alikuwa na adabu. Alinipa kiti mimi pia. Alifungua faili.

“Hapa ni mtunza bustani,” alisema. “Aliumia akifanya nini?”

“Akikimbia na mpira.”

“Na mtunza bustani alikuwa anatafuta nini kwenye mpira?”

Nilimfasiria Tonton. Alicheka kwanza, akidhani ni utani wangu.

Matibabu hayakuwepo, kwa sababu mgonjwa hakuwepo. Koko akaamua kwenda mwenyewe kwa mdai wetu, Papa Amosi, nami nikamsindikiza. Alijifunga kitambaa cha msiba, akakaa chini kando ya lile jiwe, akamlilia Mwingereza kwa Kifuliiru, lugha ya kwao, kilio kamili, cha kumtaja jina na kumuuliza ametuachia nani. Mlinzi akaja kutuarifu kwamba kukaa pale kunaruhusiwa kwa ndugu tu. Je, huyu mama ni ndugu wa marehemu?

“Ndiyo,” nilisema. Mlinzi akamtazama Koko, akaona machozi, akaondoka.

Goti halikupona. Koko alitutoka kabla mwaka haujaisha, akiamini kwamba alichelewa kumlilia yule Mwingereza.

Miaka mingi baadaye, nilipokuwa chuoni, nilimtafuta Amos Birtle nikampata katika historia ya mji wake, kitabu kilichochapwa na wenyeji wenyewe. Aliingia kiwanda cha pamba akiwa mtoto. Mbio ndizo zilizomtoa. Siku hizo wakubwa wa mpira walikataza mchezaji kulipwa, kwa kuwa mchezo ulikuwa wa mabwana wasiohitaji mshahara. Klabu ikamwandika mhudumu katika baa ya mwenyekiti, na hakuna aliyewahi kumwona akimimina bia. Malipo yalipohalalishwa, alikuwa miongoni mwa wa kwanza kusaini mchana kweupe. Akapata misimu yake ya kushangiliwa. Kisha goti. Wakamchezea mechi ya kumchangia. Mvua ikanyesha, watu wakabaki nyumbani. Alijaribu kuendesha baa, ikamshinda. Akaja Afrika Kusini na mikokoteni ya jeshi la Waingereza, akabaki Durban akibeba magunia bandarini, hadi kifua kikammaliza.

Nilisoma ukurasa ule nikamwona Tonton karibu kila mstari. Kisha, kwa kuwa nimesoma, nikasoma na habari za wenzake, na hapo ndipo pabaya zaidi: karibu wote walikuwa hivyohivyo. Hakuna kilichomtoka Amosi kikamwingia Tonton. Ndivyo mpira ulivyowamaliza watu wa aina yao, kule na huku, bila kuhitaji msaada wa marehemu.

Sasa naishi Queensburgh, nje kidogo ya mji. Tonton analinda magari ya watu kule South Beach, na Jumapili anapanda taxi kuja kula kwangu, mguu ameunyoosha kwenye kiti cha pili. Mwezi uliopita, katikati ya chakula, bila kuinua macho, akauliza:

“Ule Papa Amosi. Vitabu vyako vinasema goti yake ilikuwa ya upande gani?”

Kitabu kinasema la kulia. Kinalisema mara mbili. La Tonton ni la kushoto.

“La kushoto,” nilimwambia.

Akashusha pumzi. “Voilà. Nilijuaka.” Akanisogezea sahani nimwongeze fufu, na akala vizuri, kama ambavyo sikuwa nimemwona akila kwa muda mrefu.

Koko alimwachia Tonton mtu wa kumlaumu. Mimi, pamoja na vitabu vyangu vyote, sikuwa na mtu mwingine wa kumpa.