Friza ya Mwanawetu Haifunguliwi

Sokoni Nachingwea kuna wauza samaki wengi, lakini ukitaka kibua wa barafu wa kumlisha mgeni unayemheshimu, utaelekezwa kwa Mwanawetu. Wenzake watakuapia kwamba samaki ni wazima. Yeye haapi. Anachukua vibua wawili walioganda, anawagonganisha karibu na sikio lako, wanalia ko ko kama mawe ya mtoni, kisha anakutazama usoni akingoja useme mwenyewe.

Alizaliwa Likunja, na utotoni kwake samaki alikuwa mkavu, mweusi kwa moshi, mmoja kwa nyumba nzima. Mama yake alimchovya kwenye mboga, akaacha harufu iingie, akamtoa na kumtundika tena juu ya meko. Mwanawetu husema samaki yule alihudhuria mboga nyingi kuliko watoto wa nyumba ile. Kwa hiyo alipoolewa Nachingwea, akafiwa na mumewe Yunusi, akauza ufuta wake wote na kununua friza kuukuu ya baa iliyofungwa, ndugu zake walimwona kama mtu aliyechanganyikiwa na msiba.

Boksi la kwanza lilishushwa na gari lililotokea Mtwara kwa njia ya Masasi. Alilifungua, akamshika samaki, akamwachia upesi, akadhani kaungua. Akaangalia vidole vyake, havina lengelenge. Alikuwa na miaka arobaini na mbili na hakuwahi kujua kwamba baridi inaweza kuuma kama moto. Usilolijua ni kama usiku wa giza, akamwita Mwalimu Saturnini, jirani yake, amsomee maandishi ya kwenye boksi. Mwalimu akavaa miwani, akasoma kwamba samaki wale walivuliwa bahari ya mbali sana, huko kaskazini ambako maji yenyewe huganda watu wakatembea juu yake, na kwamba walivuliwa miezi kumi na moja iliyopita.

Mwanawetu alimwomba asome tena, na mwalimu akasoma. Basi mama wa watu akaketi kwenye kigoda mbele ya lile boksi. Likunja mtu akifa asubuhi, alasiri ameshazikwa, na bado wazee wanahimiza watu waharakishe. Lakini huyu kiumbe amekufa karibu mwaka mzima, amezunguka dunia, ametua Nachingwea kwenye jua hili la kupasua mabati, na jicho lake bado linang'aa. Tangu siku ile hajawahi kuinua kifuniko cha friza bila kusema bismillahi, na haisemi kwa mazoea. Anaisema kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba ya mkubwa.

Lakini baridi ina ubaya wake, na ubaya huo aliujulia Mandawa, kijijini kwa dada yake. Miaka sita iliyopita mfanyabiashara mmoja alimuuzia maboksi mawili kwa bei nzuri, samaki wamekakamaa kwa barafu kama chuma. Boksi moja akampelekea dada yake kwa ajili ya arobaini ya mkwe. Watu walikula, na kabla vyombo havijaoshwa nyuso zilianza kuvimba na ngozi kuwasha. Zulfa, mtoto wa dada yake, macho yalifunga kabisa kutwa nzima, akapelekwa hospitali akiwa amebebwa. Wote walipona, tunamshukuru Mungu. Daktari alimweleza kwamba samaki wa aina ile akishalainika kwenye joto anatengeneza sumu, na sumu hiyo haiondoki kwa kukaangwa wala kwa kugandishwa upya. Mwanawetu aliporudi nyumbani alichunguza lile boksi lililobaki, akaona chini yake barafu nyekundu iliyolala upande mmoja. Samaki walikuwa wameshayeyuka siku moja, mahali fulani, na barafu ikawafunika tena kama vile hakuna kilichotokea. Yeye ndiye aliyemkatia Zulfa kipande kwa mkono wake.

Akaweka nadhiri. Samaki atakayelainika ndani ya friza yake, hata kidogo, atafukiwa ardhini, awe wa nani na hasara iwe ya nani.

Sasa njoo mwezi wa kumi wa mwaka huu. Mikorosho inaangusha, vumbi limejaa hadi kwenye vikombe, mvua bado. Samia wa Naipingo alikuwa anamtoa mwali, binti yake wa kwanza, na sherehe ilikuwa Jumapili. Aliagiza maboksi manane, maana alikuwa ametangaza kwa vijiji vitatu kwamba wageni wake watakula samaki wa bahari, kila mtu na wake mzima. Ukishatangaza hivyo Naipingo, huwezi kuja kuwapa watu maharage. Jumatano maboksi yakashuka, yakajaza friza hadi kifuniko. Alhamisi saa kumi jioni umeme ukakatika.

Saa kumi na mbili haujarudi. Ijumaa alfajiri haujarudi, na habari ikaja kwamba kusini kote kumezimika na hakuna anayejua lini kutawaka. Vijana sokoni wakamshauri afungue auze haraka kwa nusu bei kabla hajapoteza vyote. Mwanawetu akakataa. Alishajifunza kwamba friza iliyojaa, isipofunguliwa, hubaki na ubaridi wake muda mrefu. Ubaridi hutoka pale mwenye wasiwasi anapochungulia. Akaifunika kwa magunia ya korosho, akazungushia magodoro mawili, akajaza pumba za mpunga kwenye nafasi zilizobaki, akaziba dirisha la stoo kwa blanketi.

"Mwali hachunguliwi kabla ya siku yake," akawaambia wale vijana, nao wakacheka wakaenda zao.

Kilichofuata kisingetokea mji mwingine wowote. Habari zilienea kwamba Mama Mudrik, maana ndivyo Mwanawetu anavyoitwa kwa jina la mwanawe, amepatwa, na Nachingwea mtu akipatwa, awe amefiwa na mtu, na ng'ombe au na friza, watu huja kukaa naye. Ijumaa saa mbili asubuhi wanawake walikuwa wameshavua viatu mlangoni. Waliingia na mikeka, wakajaza ukumbi, waliokosa nafasi wakaingia stoo, wakakaa kulizunguka lile rundo la magodoro kama wanaokesha na maiti. Bi Shakila, kwa unene wake aliojaliwa, akaliegemea kabisa. Walisema pole kwa sauti za chini. Mmoja akaanza kuwakumbuka samaki wazuri aliowahi kuuziwa na marehemu, akimaanisha friza.

Mwanawetu alijibu pole zote huku akihisi jasho linamtiririka mgongoni. Alihesabu watu ishirini na sita ndani ya nyumba ya vyumba vitatu, kila mmoja akipumua. Alinyoosha mkono akagusa ukuta wa stoo, ukuta ulikuwa umepata joto. Na hapo ndipo alipoingia Koleta.

Koleta alikuwa rafiki yake wa miaka ishirini. Mmoja husali msikitini, mwingine parokiani, lakini walikuwa wameuguziana watoto, wamezikiana waume, na hakuna siri ya mmoja ambayo mwingine hakuijua. Koleta hakuja mikono mitupu. Alikuja amebeba jiko la mkaa linalowaka, juu yake sufuria ya uji, kwa sababu wafiwa hawapiki. Akapita katikati ya watu, akaliweka jiko pale stoo, hatua mbili kutoka kwenye friza, akaanza kulipepea.

Mwanawetu aliuona ule moto na kitu kikamkatika ndani. Alimwona Zulfa na macho yaliyofunga. Heri lawama kuliko fedheha, alijisemea, akasimama.

"Mama Ivan, toa jiko lako," alisema. "Na nyie wote, mama zangu na dada zangu, tokeni. Sitaki mtu ndani. Miili yenu ina joto."

Hakuna aliyewahi kufukuzwa kwenye nyumba ya kutoa pole. Haijawahi kusikika, na wanawake walikaa kwanza wakidhani wamesikia vibaya. Mwanawetu akauendea mlango, akaufungua wote, akasimama pembeni yake. Wakakusanya mikeka. Bi Shakila alinyanyuliwa na watu wawili. Koleta alikuwa wa mwisho. Alilibeba jiko lake, akapita mbele ya rafiki yake bila kumtazama wala kuaga, majivu yakimwagika kizingitini.

Mwanawetu alifunga mlango, akaziba na madirisha mengine, akakaa ukumbini gizani, mbali na stoo, ili hata pumzi zake zisifike kule. Pale ndipo alipolia. Hakulilia samaki. Alilia kwa kuwa alijua Nachingwea mtu anaweza kusamehewa kuiba korosho, lakini kufukuza waliokuja kukupa pole kutasimuliwa hadi kwa wajukuu.

Karibu saa tano, jua lilipoanza kuyachoma mabati, alisikia matone.

Akainua kichwa. Matone yakazidi, yakawa mchirizi, yakaacha kidogo, yakaanza tena juu ya stoo hasa, kisha yakasikika kama yanaanguka juu ya kitu laini. Mvua, mwezi wa kumi, kabla ya wakati wake. Hakuthubutu kufungua dirisha kuitazama. Alitega sikio kwa hofu na furaha pamoja, mwili ukimsisimka, akiwaza ni nani yeye, muuza vibua, hata ateremshiwe mvua ya peke yake. Ilinyesha mpaka alasiri ilipopoa. Alienda akaugusa ukuta wa stoo, ukuta ulikuwa baridi. Alitandika mswala akasujudu, akakaa kwenye sijida muda mrefu kuliko alivyowahi kukaa.

Jumamosi asubuhi mvua ikaanza tena, saa tatu. Saa nne taa ya ukumbini ikawaka. Zilikuwa zimetimia saa arobaini na mbili.

Mtu mwingine angeacha friza ijirudie yenyewe. Mwanawetu alijua kwamba akisubiri hadi jioni, barafu itaganda upya na kuficha kila kitu, na hatajua tena ukweli mpaka Jumapili kwenye nyuso za watu. Ilimpasa afungue sasa hivi. Samia na shangazi zake wawili walikuwa wameshafika kutoka Naipingo kuchukua mzigo. Aliwafungulia mlango, akawaeleza nadhiri yake bila kupunguza neno, kwamba wanaweza kurudi na maboksi manane au wasirudi na kitu.  Samia alikaa chini palepale, mikono kichwani.

Mwanawetu aliondoa magodoro, akafagia pumba, akainua magunia moja moja. Bismillahi. Kifuniko kiliinuka, na moshi mweupe ukamwagika taratibu ukingoni, ukashuka hadi miguuni kwao. Shangazi mmoja alirudi nyuma.

Boksi la juu lilikuwa na unyevu. Alimbonyeza samaki wa pembeni, kidole kikazama kidogo. Akalitoa boksi lote, akaliweka nje ya mlango wa stoo, na kila mtu akaelewa kwamba hilo limekwenda. La pili aliling'ang'ania kwa mikono miwili, akaling'oa, akabonyeza pembe zote nne. Gumu. La tatu gumu. Aliendelea kushuka, viganja vikiwa vyekundu, hadi boksi la nane, la chini kabisa. Akalibamiza sakafuni samaki wakaachana, akaokota wawili, akawagonganisha.

Ko, ko.

Sauti ilijaa stoo nzima. Samia alinyanyuka, akaomba amshike mmoja, akamshika, akashtuka, akamshika tena kwa ncha ya khanga. Alimtazama jicho kwa jicho. Akauliza kwa sauti ndogo kama kweli huyu ametoka huko bahari za mwisho wa dunia, akavuka siku mbili za joto hili bila umeme, na bado yuko hivi.

"Ni mvua," Mwanawetu alisema. "Mungu aliniletea mvua juu ya bati, jana na leo."

Wanawake wa Naipingo wakatazamana. Samia akasema kwa adabu kwamba wao wametoka na bodaboda tangu asubuhi, na njia nzima wamekula vumbi, hakuna hata wingu.

Lakini matone yalikuwa bado yanasikika. Mwanawetu alitoka kwa mlango wa mbele, jua likamchoma macho, akazunguka nyumba, Samia na shangazi zake wakimfuata.

Kuanzia kwenye bomba la mtaa, mbali kama uwanja mzima wa mpira, hadi ukutani kwake, walikuwa wamejipanga mstari. Ndoo zilipita mkono kwa mkono. Aliwatambua mmoja mmoja, walikuwa walewale ishirini na sita. Bi Shakila alikuwa amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akipokea na kupitisha akiwa amekaa. Juu ya bati la stoo yalikuwa yametandazwa magunia, yakivuja maji, na juu kabisa ya ngazi alisimama Koleta, mwenye miaka hamsini na nane na magoti mabovu, khanga imelowa hadi kiunoni, akimwaga. Maji ya bomba lile hununuliwa kwa ndoo, na mwezi wa kumi watu huyapima hata ya kuoga.

Mstari ulisimama.  Koleta aligeuka, akamwona rafiki yake chini na samaki bado mkononi.

"Ulisema tusikae ndani," Koleta alisema. "Juu hukusema."

 Mwanawetu alimpa Samia yule samaki, akaenda akaishika ngazi kwa mikono yake miwili iliyokufa ganzi, akaishikilia mpaka Koleta akafika chini.