Kiungo Aliyenyima Mpira

Kabla mpira haujamfikia mguuni, Mwinjuma alikuwa amekwisha kujua nani atampa. Ndiyo sifa iliyomfanya aitwe mchezaji wa kulipwa. Alitoka Unguja baada ya mapinduzi, akaenda Uingereza, akapata kazi ya kupachika milango ya magari kiwandani Longbridge, na mwaka 1970 klabu moja ndogo ya Birmingham ikamsajili kuwa kiungo. Mchana alikuwa kiwandani, jioni mazoezini, Jumamosi uwanjani. Aligawa mipira kama mama mwenye haki agawavyo wali: huyu apate, na yule asikose.

Neno lilianza alipomleta Jairus. Huyu alikuwa kijana wa Kenya, mpangaji wake wa chumba cha juu kwao mtaa wa Nechells, mwenye mbio za swala. Mwinjuma mwenyewe ndiye aliyempeleka kwa kocha. Msimu haujafika katikati, Jairus alikuwa akifunga karibu kila Jumamosi, na karibu kila bao lilitokana na pasi ya Mwinjuma.

Waswahili wa mji ule walikuwa na mahali pao nyuma ya goli, wanawake wamejifunga kanga juu ya makoti. Jairus akifunga, walipiga vigelegele hata Waingereza wakageuka kutazama. Sauti iliyozidi zote ilikuwa ya Mwanasiti, mkewe Mwinjuma. Mwinjuma akiisikia ikimshukia mwanamume mwingine, moyo ulimwungua.

Hata dukani mtaa wa Alum Rock hakupona. Vinubhai, muuza mboga aliyefukuzwa Uganda, alimwambia, "Bwana Mwinjuma, si unakaa na yule Jairus? Mchukulie maembe haya. Bure."

"Na mimi?"

"Wewe mteja, bwana. Wewe utalipa."

Jioni ile Jairus aliyala maembe na kumwambia Mwanasiti, "Shemeji, huyu mzee wako akinipa mpira ni kama ameutuma kwa posta. Mimi nafungua bahasha tu."

"Iko siku posta itafungwa," Mwinjuma akajibu.

Jairus alicheka. Alidhani ni mzaha. Mtu mwenye wivu hata sifa huisikia kama kejeli, na ndivyo Mwinjuma alivyoisikia ile.

Mwisho wa msimu wa 1974, kocha aliwaita wote wawili. Wakishinda mechi ya mwisho, klabu ingepanda daraja, nao wangepewa mikataba ya kucheza tu, bila kiwanda. Jairus alikuwa bado kijana. Mwinjuma alikuwa anakaribia miaka thelathini na magoti yameanza kulalamika. Kwake hapakuwa na mlango mwingine.

Mechi ilikwenda bila bao hadi dakika za mwisho. Mwinjuma akaupata mpira katikati, akainua kichwa. Jairus alikuwa peke yake upande wa kulia, mkono juu, hana beki. Mwinjuma alimtazama, akayasikia vigelegele kabla havijapigwa. Akageukia kushoto, akapiga mwenyewe. Golikipa akaudaka bila taabu, akautupa mbele haraka, na wapinzani wakafunga.

Katika chumba cha kubadilishia nguo kocha alimwuliza Mwinjuma swali moja tu: alimwona Jairus au hakumwona?

"Sikumwona," Mwinjuma alisema.

"Kweli, hakuniona," Jairus akadakia, akitazama viatu vyake.

Kocha akatikisa kichwa. Kwa miaka minne alikuwa akimlipa mtu huyu kwa sababu huona kila mtu.

Nyumbani Mwanasiti hakuzunguka. "Baba Shemsa, ulimwona. Nilikuona ukimtazama."

"Nikupe tena nafasi ya kumpigia vigelegele?"

Mwanasiti alikaa kitini na koti lake mwilini. "Kumbe ndiyo hayo. Mimi huanza mpira ukitoka mguuni kwako. Muulize Truphosa ninayesimama naye nyuma ya goli, hunicheka kila wiki kwamba napiga kabla ya bao. Wewe husikia mwisho wake tu."

Wivu haumwulizi mtu. Humhukumu, kisha humwadhibu aliyeubeba.

Klabu haikumpa mkataba. Jairus alichukuliwa na timu ya mji mwingine, kaskazini. Siku ya kuhama, Mwinjuma alimpokea sanduku mlangoni bila kuombwa, wakaenda hadi kituo cha basi. Waliongea habari za mvua, na habari za chumba, kwamba Balbir wa kiwandani alikuwa anakitaka. Basi lilipotokea mwisho wa barabara, Mwinjuma aliliweka sanduku chini.

"Nilikuona," alisema.

"Najua, mzee."

"Mkono wako ulikuwa juu."

"Ulikuwa juu." Jairus alinyanyua sanduku lake mwenyewe, akapanda, akakaa upande wa pili wa basi, usioonekana kutoka kituoni. Mwinjuma akarudi kubadili nguo. Zamu yake Longbridge ilikuwa inaanza mchana.