Kukitabasamia Kiti

Jumamosi nilinunua mikate miwili kwa mazoea, ingawa mke wangu ameshafariki. Nikirudi, ndani ya treni ya metro hapa Guangzhou, mwanafunzi wa Kitanzania alimsimulia mwenzake alivyofanyiwa usaili wa kikundi cha kuishangilia timu ya kikapu kwa dansi.

“Ukumbi mtupu, shoga. Mwalimu ananiambia, chagua kiti, kitabasamie mpaka umwone mtu.”

“Ukamwona nani?”

“Mama yangu, aliyeko Tanga. Hajui hata kama nacheza. Akaninunia palepale kitini, nikakosea hatua.”

“Kwa hiyo umekosa?”

“Sijui. Wamesema watanipigia.” Akaigeuza simu, akaitazama, akaifunika pajani.

Sielewi kwa nini nilipitiliza kituo changu. Kesho yake asubuhi niliketi mkabala na kiti cha mke wangu, nikajaribu kutabasamu.