Uzi Nilioukata Nosy Komba

Mwanangu Salim aliniandikia barua ya kurasa mbili kutoka Majunga, kule Bukini, ambako wengine huita Madagaska. Moja na nusu ilikuwa habari za mvua, za mashine za kinu cha mpunga anakofanya kazi ya ufundi, na salamu za watu nisiowajua. Nusu iliyobaki ndiyo iliyonitoa nyumbani. "Mama, nimepata mchumba. Babake ni Mngazija wa hapa, mamake ni Msakalava wa visiwa vya Nosy Be. Jina lake Zalihata. Nangoja radhi yako."

Mimi ni mshonaji wa nguo za kike hapa Mombasa, mjane, na Salim ndiye mtoto pekee niliyejaliwa. Radhi haitumwi kwa posta. Nilifunga cherehani, nikampa jirani ufunguo, nikakata tikiti ya meli. Na nisiwafiche: nilikwenda na nia ya kuvunja. Nilisema moyoni, nikimwona msichana hafai, nitarudi na mwanangu.

Siku ya tano tukafika Majunga, ambayo wenyewe waiita Mahajanga. Wakati huo kwetu Uhuru ulikuwa haujatimiza mwaka, na wao walitutangulia kwa miaka michache tu. Bendera yao ilipepea juu ya forodha ikiwa bado na rangi kali. Salim alinipokea gatini, amekonda, amefuga sharubu. Alikuwa amepanga chumba Antanimasaja, mtaa uliojaa Wangazija, na nyumba chache tu kutoka kwa wazazi wa msichana. Nilifurahi kusikia adhana alfajiri. Majirani walinisalimu kwa Kingazija chao, nikaambulia neno moja katika mawili; yaliyobaki yalikuwa Kimalagasi na Kifaransa, nikayaacha yapite.

"Msichana yuko wapi?" nilimwuliza Salim kabla sijavua buibui.

"Yuko Nosy Be, Mama. Anakaa kwa shangazi yake Hell-Ville, mji wa kisiwa hicho, anawatembeza wageni wa meli. Mwisho wa mwezi atakuja. Nimpigie simu ya maandishi ajue umefika?"

"Usimpigie. Nitakwenda mwenyewe, tena asijue mimi ni nani."

Salim alikuna kichwa. "Mama, tafadhali usinitie aibu."

"Aibu gani? Naenda kutembea."

Nikapanda meli ya pwani, na Jumatano saa moja asubuhi nilikuwa gatini Hell-Ville, nimejiandikisha kutembezwa kwa jina la Bi Amina. Wageni tulikuwa watatu: mimi, na mwalimu mmoja wa kisiwa cha Réunion na mkewe. Kiongozi wetu akaja na daftari mkononi, akajitaja jina: Zalihata. Msichana mrefu, mwembamba, kitambaa cha kichwa kimefungwa vizuri, na pindo la gauni lake, nililiangalia kwanza kama kawaida yangu, limeshonwa kwa mkono, mshono mdogo mdogo na ulionyooka. Nikajiambia, haya, pindo si tabia.

Alizungumza na wale wawili Kifaransa. Kwangu alitumia Kingazija kilichochanganywa na Kiswahili, na Kiswahili chenyewe nilikijua kilikotoka. Nilipomshukuru kwa kunishika mkono nikipanda gari, alinijibu, "Starehe." Hilo ni neno la Mombasa, na kinywani mwake lilitoka na mvuto ule ule wa Salim. Nilihisi wivu, naungama.

Saa mbili tukafika Marodoka, kupitia mashamba ya milangilangi yenye harufu nzuri hata kichwa kikaniuma. Marodoka ni mji wa zamani wa wafanyabiashara, Waislamu na Wahindi, na kilichobaki ni nyumba chache za mawe, makaburi, na msikiti ambao mizizi ya miti imeshika kuta zake. Tulivua viatu, tukaingia kwa mguu wa kulia. Yule mwalimu akamwuliza kama aliyelala katika kaburi kubwa alikuwa sultani. Zalihata akacheka.

"Sijui," akasema, kisha akanifasiria na mimi. "Wenzangu huwaambia wageni ni sultani, nao hufurahi. Mimi sijaambiwa na mtu anayejua."

Nikaliandika hilo moyoni kwenye upande wake mzuri. Lakini mama hatosheki na moja. Tulipokuwa tukirudi garini nikamchokonoa.

"Umeolewa, mwanangu?"

"Bado, mama. Nimeposwa kwa maneno tu. Kuna kijana wa kwenu, lakini mamake hajaniona."

"Na akikuona akakukataa?"

Akafikiri kidogo. "Nitalia. Jumatatu nitaamka niende kazini."

Nikainama haraka. Nilijifanya nachomoa mwiba kwenye kiatu.

Saa nne mashua ya mota ikatuvusha hadi Nosy Komba, kisiwa kidogo chenye mlima mmoja. Pale ufukweni wanawake wametundika vitambaa vya meza kwenye kamba, vyeupe, vimetobolewa maua na kutarizwa kando kando. Nilisimama kwa kila kamba. Nilimwuliza mwanamke mmoja kwa ishara jinsi anavyoanza tundu, akanionyesha kwa ishara, na tukaelewana kuliko nilivyoelewana na mtu yeyote tangu nitoke Mombasa. Mke wa mwalimu alinunua viwili. Zalihata akatukusanya, tukaanza kupanda.

Njia ilikuwa mawe na mizizi. Nilipumzika mara nne, na kila mara Zalihata alisimama kana kwamba yeye ndiye aliyechoka. Saa sita tulifika kijijini kwa akina mamake, nyumba za majani kama kumi na tano, kahawa imeanikwa mikekani. Nyuma ya kijiji uko mtini mkubwa wanaoutukuza kwa ajili ya wafalme wao wa zamani. Shina lake limezungushiwa vitambaa vyeupe na vyekundu, na Zalihata alitueleza kabla hatujakaribia: kila kitambaa ni nadhiri ya mtu. Mtu ameomba mtoto, au mumewe arudi salama. Tuvue viatu, tujifunge shuka kiunoni, na tusiguse kitu.

Mimi ni Mwislamu, na mizimu si yangu. Lakini ugenini hufuata mwenyeji, nikavua, nikajifunga shuka, nikasimama kwa adabu. Na ningeendelea na adabu yangu, lau si mikono hii. Kilikuwapo kitambaa cheupe usawa wa uso wangu, kipya, na pindo lake limeanza kufumuka. Uzi ulining'inia urefu wa shubiri. Miaka thelathini nimekaa kwenye cherehani, na uzi ukining'inia mimi huukata, siuoni hata kama nimeukata. Nikavuta pindo, nikainama, nikaukata kwa meno.

 Kisha mwanamke mmoja akapaza sauti.

Huyo alikuwa Soazara, mlinzi wa mti ule, mwanamke wa makamo mwenye liwa ya njano usoni. Hakunitazama mimi. Alimtazama Zalihata, akasema naye maneno mengi, na watu wakatoka nyumbani wakasimama duara. Uso wa msichana ulikuwa umebadilika rangi. Alijibu kwa sauti ndogo, akapiga magoti.

"Anasema nini?" nikamwuliza.

"Hakuna kitu, mama. Kaa kivulini."

"Mwanangu, mimi si mtoto. Niambie."

Akaniambia. Kitambaa kile kilikuwa cha mwanamke wa kijiji aliyepoteza mimba mbili na sasa ana ya tatu. Kosa la mgeni kwao humwangukia aliyemleta. Kwa hiyo Zalihata hataruhusiwa kuleta wageni mlimani tena, na wala yeye mwenyewe hataruhusiwa kufika kwa akina mamake, mpaka achinjwe ng'ombe, jambo la mwaka mmoja au miwili. Naye alikuwa amekwisha kubali. Amesema kosa ni lake, hakunieleza vizuri.

"Lakini ulinieleza," nikasema.

"Nilikueleza, mama. Ila wewe jioni unaondoka."

Nikamwambia amfasirie Soazara kwamba naomba radhi mimi, mwenye meno. Soazara akasikiliza, akajibu kwa utulivu, na Zalihata akanifasiria huku anaangalia chini: msamaha wa mtu wa meli huondoka na meli. Nikasema basi nitakishona, sindano ninayo hapa kifuani. Hilo nalo halikubaliki. Nadhiri hushonwa na mtu wao, atakayekuwepo kesho kuulizwa. Kisha Soazara akaniuliza mimi moja kwa moja, kwa mara ya kwanza, na sikuhitaji mfasiri kuelewa alivyonyosha viganja kwangu na kwa msichana. Huyu ni nani wako?

Wasomaji wangu, sijapata kuona haya kama siku ile. Nilikuwa nimekwenda kumpima mtoto wa watu, na yeye amepiga magoti kwa ajili ya meno yangu, hajui hata jina langu la kweli. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, lakini ule haukuwa wa mwenzangu, ulikuwa wangu, na yeye ameubeba. Na nilijua vilevile kwamba neno nitakalolisema mbele ya duara lile halitarudi mdomoni. Nikisema, nimetoa radhi, na Salim huenda akaishi huku ng'ambo mpaka nizikwe.

"Mwambie," nikasema, "mimi siitwi Amina. Naitwa Rehema, mama yake Salim. Mwambie mimi ni mama mkwe wako."

Hakufasiri. Alinitazama tu. Nikarudia, na hapo akasimama, akafasiri. Duara lote likaguna. Soazara alikuja akanishika kidevu, akanigeuza uso huku na huku kama anayechagua papai, kisha akasema neno fupi, ambalo Zalihata alinifasiria, "Basi ni wetu, ashone," na watu wakaanza kucheka. Wakaleta asali ya kutoa kwa mti na kitambaa kipya cheupe cha kuongezwa shinani. Nikakaa chini, nikatoa sindano. Mwenye nadhiri akaletwa, mwanamke kijana mwenye tumbo la miezi sita, akakaa mbele yangu ashuhudie. Nilishona pindo lile kwa mkono, na katika maisha yangu sijashona polepole vile. Nilimwomba Mungu wangu mimi amlinde yeye na kiumbe chake. Soazara alikubali, akasema kila mtu na mlango wake wa kubisha.

Saa tisa tulishuka. Mwalimu na mkewe walitangulia, maskini, hawakuelewa nusu ya mambo. Zalihata alishika njia mbele yangu mpaka tukaona bahari. Hapo akasimama.

"Ungeniambia asubuhi, mama, ningekupikia. Ningekupeleka kwa shangazi. Badala yake nimekuuliza kama maji yako yanatosha, kama mgeni yeyote."

"Nilitaka kukuona ulivyo."

"Umeniona. Mimi sikukuona wewe." Akajifuta macho kwa ncha ya kitambaa. "Ulichosema kule juu umekisema ili kuniokoa, au ni kweli?"

"Nilikisema kukuokoa," nikamjibu, kwa kuwa uongo wa siku moja ulikuwa umenitosha. "Nilipomaliza kushona kilikuwa kweli."

Aligeuka, akashuka hadi majini. Alinishika mkono nikipanda mashua, na nilipomshukuru hakusema starehe.

Ijumaa nilirudi Mahajanga peke yangu. Salim alinisoma usoni, akaogopa. Nilimweleza yote, pamoja na meno. Alicheka hadi akakaa chini, kisha akaniuliza Zalihata amesemaje. Mimi nimeridhia, nikamwambia, lakini yeye sijui, nimemuudhi. Siku kumi na mbili tulizongoja hadi mwisho wa mwezi, nilizimaliza kwa kumshonea Zalihata gauni kwa kukisia vipimo, na nikalifumua mara mbili.

Sasa nimerudi nyumbani, na kila anayekuja kupima nguo huniuliza huko Bukini nimeona nini. Nawaambia nimeona kuwa mtu humjui kwa kumchungulia. Ukitaka kumjua, nawe ujitoe nje akuone. Kisha nawasimulia siku ile ya kikao cha posa Antanimasaja, Zalihata alipokwisha kuja kutoka Nosy Be.

Tulikaa ukumbini kwa wazazi wake, wanaume upande mmoja, sisi na mamake upande wa pili, na Zalihata katikati, amevaa gauni nililompelekea. Lilimkaa vizuri, na hiyo tu ilinipa tumaini. Babake akamwuliza mbele ya mashahidi kama amekubali kuolewa na Salim bin Omari. Kwa desturi ya kwao na ya kwetu, mwari akiulizwa hunyamaza, na kimya chake ndiyo idhini. Sote tukainamisha vichwa tukingoja kimya hicho.

Yeye akainua uso.

"Nimekubali," akasema, tena akasema kwa Kiswahili ili nisikie. "Na nasema kwa mdomo wangu. Mama huyu alikuja kwangu kimya kimya, na nyote mnajua yaliyotokea. Nyumbani mwetu sitaki kimya kiwe jibu."

Wazee wakaguna. Mamake akaficha uso kwa upande wa shuka, sijui kwa haya au kwa kicheko. Mimi hakuna aliyeniuliza kitu, wala si mahali pa mwanamke kusema katika kikao kama kile, lakini nilisimama.

"Nami nimekubali," nikasema, na nikasema kwa sauti.