Mchawi wa Dakika Sita

Katika nyumba moja mtaa wa Al-Nuzha, Jeddah, tulikuwa watumishi wawili: mimi jikoni, na dada mmoja aliyekuja kumlea mtoto mchanga wa madam. Alinizidi umri, na alipokuwa akisimulia jambo nilisahau pasi ikaunguza shuka.

Ilipita miezi mitatu kabla hajanionyesha kipande cha filamu kwenye simu yake, dakika sita tu. Zamani, huko Nairobi, aliigiza katika filamu moja ya bei rahisi, zile za majini, damu na wanawake nusu uchi, kwa kuwa ndizo zilizonunuliwa. Yeye alikuwa mchawi: majivu usoni, kanga kifuani, mabega wazi, anakata nywele za mtoto na kuzitia chunguni.

"Hiyo damu ni nini?" nikamuuliza.

"Sharubati, mdogo wangu. Nzi wakaniandama kutwa. Mmoja kaniingia mdomoni nikiwa katikati ya laana, mwenye filamu akapiga kelele, 'Meza uendelee!'"

Tulicheka mpaka tukazibana midomo. Kisha akasema taratibu, "Ona macho yangu hapo. Hapo niliweza." Hakupata filamu nyingine.

Sasa nieleze kosa langu. Kila mtumishi mgeni aliyefika huku nilimfundisha: usiache nywele zako ovyo, usifiche kamba wala karatasi chini ya godoro, maana waajiri wengi huku huuogopa uchawi wa mtumishi kuliko wizi. Nilifundisha hivyo miaka tisa.

Siku moja madam alimfokea yule dada mbele ya wageni kwamba hana akili. Iliniuma. Walipoondoka, nikachukua simu ya dada iliyokuwa ikichajiwa jikoni, nikampelekea madam kile kipande aone kwamba huyu ni msanii.

Madam alitazama mpaka kwenye zile nywele, akamnyakua mtoto wake.

"Sihiri!"

"Hapana, madam, ni mchezo tu, wanaigiza."

"Halas! Basi!"

Watu wa nyumba wakapekua sanduku na godoro lake, wasipate kitu. Hata hivyo kesho yake asubuhi alirudishwa kwa wakala aliyemleta, ofisi iliyoko mtaa wa Al-Murabba, Riyadh. Mlangoni akaniuliza, "Ulinionea wivu?"

"Wallahi, nilijivunia wewe."

"Basi ungeniuliza."

Ndiyo, ningemuuliza. Nawe unayekuja huku, uliza kwanza. Sifa ya mwenzio ni yake, aitoe mwenyewe akitaka. Kukosea si mwisho wa mtu, lakini kosa hili sijui dawa yake.

Baadaye alipata nyumba nyingine Riyadh, ya watu wapole, akanitumia ujumbe wa sauti. Amenisamehe, alisema. Na ili asiponzwe tena, amefuta kile kipande kwenye simu, tena amemwomba aliyekiweka mtandaoni akiondoe.

Nimekitafuta mara nyingi. Hakipo. Nijuavyo mimi, hakuna mahali pengine palipobaki uigizaji wake.