Kabichi, noodles na mama yangu: chakula nilichomtengenezea Tarime bila kuwasha moto

Wakuu, kwema huko mliko?

Naandika nikiwa dukani kwangu Nyamisangura, Tarime mjini. Mvua imefukuza wateja wote, nikaona bora niwape hii. Ninachosimulia kimenikuta mwenyewe, na mama yangu yupo hai, nikiongeza chumvi atanisuta. Uzi ni wa msosi lakini si wa msosi tu. Wenye njaa vumilieni, recipe iko humu humu ndani.

Kwanza mnijue. Naitwa Mwita, Mkurya wa kuzaliwa na kukulia. Sasa hivi nauza spea za pikipiki, ila kabla ya spea nilikuwa mpishi. Ndiyo, mpishi, tena wa lodge, huko Ikoma karibu na geti la hifadhi.

Chekeni mmalize, tuendelee.

Kwa wasiotujua: kwenye ukoo wetu mwanaume akishatahiriwa, jikoni kwa mama yake ndiyo basi tena. Hasogelei mafiga, hafunui sufuria, hashiki mwiko. Na mama naye hali kilichopikwa na mwanawe wa kiume. Si sheria ya serikali, lakini jaribu uone utakavyoangaliwa.

Mimi hilo jambo liliniuma kuliko kisu chenyewe.

Maana nilikuwa mtoto wa jikoni. Asubuhi kabla ya shule nilikuwa nakaa kwenye moto na mama, yeye anakoroga uji wa ulezi, mimi nachochea kuni na kufukua viazi kwenye majivu. Hapo ndipo aliponisimulia habari za kwao, za bibi yake, za ng'ombe wa mahari yake. Mama nje ya jikoni ni mtu wa maneno machache sana. Jikoni alikuwa redio.

Niliporudi kutoka tohara, shangwe, zawadi, nimevishwa khanga kama mfalme. Kulipotulia nikaenda zangu jikoni kama kawaida. Mama akasimama mlangoni. Alikuwa anacheka, lakini mlangoni hakutoka.

"Mwita, wewe sasa ni mwanaume. Nenda ukakae na baba yako."

Nikaenda kukaa na mzee. Mzee wangu ni mtu mzuri, Mungu amweke, ila stori zake ni ng'ombe, mvua, kisha ng'ombe tena.

Basi, maisha yakanipeleka Ikoma. Nilianza na kuosha vyombo, nikapanda kwenye kumenya viazi, mwishoni nikakabidhiwa saladi. Chef wetu alikuwa mzee mmoja wa Tanga, sote tulimwita Mjomba. Mpole, ila ukikata kabichi vipande vinene atakutania mpaka uombe likizo.

Yeye ndiye alinifundisha saladi ya kabichi na noodles, ya mtindo wa Asia. Alikuwa anasema mgeni akirudi porini na vumbi kooni hataki mchuzi, anataka kitu baridi, kichachu, kinacholia mdomoni.

Bakuli la mwisho jioni lilikuwa la staff. Tunalila tumesimama nyuma ya jiko, kila mtu na uma wake, midomo inalia kama mbuzi kwenye mabua, Mjomba anatupigia stori za kwao. Wakuu, kuna maisha ukiyapitia huyajui kama ni mazuri mpaka yaishe. Lodge ikapata wamiliki wapya, wakaja na wapishi wao, sisi tukatawanyika. Mjomba alirudi Tanga. Hadi leo nikinusa siki namuona na ile aproni yake.

Sasa turudi kwa mama.

Kila nilipokuja likizo alikuwa ananivuta pembeni, mzee asisikie, ananiuliza, "Umewapikia nini wageni wako?" Namweleza yote, samaki nilivyomgeuza, mchuzi nilivyouchuja. Anasikiliza kama mtoto. Siku moja akaniambia huku anacheka, "Watu wa ng'ambo wanakula mkono wa mwanangu, mimi mamake nasikia hadithi."

Alikuwa anatania. Ila lilinikaa.

Mwaka huu mama akapigwa na malaria, ile kali yenyewe. Akalazwa hapa Tarime, alipotolewa nikamleta kwangu, maana kijijini ni mbali, na daktari alitaka kumuona tena. Bahati mbaya mke wangu Rhobi alikuwa Mwanza na watoto, dada yake amejifungua. Ningeweza kumwita, lakini naye alikuwa anauguza.

Nikabaki mimi na mama. Na jiko langu la gesi ambalo siwezi kuligusa.

Maana mama akiwa hayupo, mimi napika kila kitu humu ndani. Rhobi mwenyewe anapenda. Ila mama akiingia getini, mimi mguu wangu jikoni hauingii. Kazi ya kupika akaichukua jirani yetu, Mama Ghati, mwanamke mwenye moyo mkubwa na sauti kubwa zaidi. Anaingia asubuhi, "Shikamoo mama, leo tunakula!", anapika, anabembeleza.

Mama hali.

Anasema mdomo mchungu. Ugali wa udaga, ule wa muhogo, na sato, anasukuma. Uji, anaramba kijiko kimoja anageukia ukutani. Nikaagiza kichuri, supu ambayo Mkurya hata akiwa amezimia anaamka, akanusa tu akasema wapeni wenye afya. Mikono yake ikawa myembamba, bangili inateleza mpaka kwenye kiwiko.

Daktari akanieleza vizuri: dawa zile zinataka tumbo lenye kitu. Asipokula anazitapika, na akiendelea kuzitapika anarudi wodini, na kwa umri wake, daktari hapendi kumuona akirudi.

Nilienda bafuni nikafungulia maji nikalia. Mtu mzima na ndevu zangu. Nimelisha watu wasiojua hata jina langu, halafu mama yangu anakauka chumba cha pili na mimi nimekaa sebuleni kama mgeni namsubiri jirani.

Siku iliyofuata mchana nikajitengenezea saladi ya Mjomba. Si kwa ajili ya mama, ni kwa ajili yangu, nilikuwa nimechoka nikataka kitu cha kunikumbusha watu. Nikaitengenezea mezani sebuleni, kisu na ubao, ili nisiingie jikoni. Nilipomaliza kuchanganya nikakumbuka dawa hazijachukuliwa, nikakimbia famasi kabla hawajafunga mchana.

Narudi, bakuli tupu. Harufu ya vitunguu nyumba nzima.

"Mama Ghati, ile kabichi yangu iko wapi?"

"Nimekumalizia baba! Nimekuta umekatakata ukaacha mbichi, nikajua mwanaume atajulia wapi. Nimeiunga na nyanya, na zile tambi zimeiva vizuri."

Nikafunua sufuria. Wakuu! Noodles zimekuwa uji, karanga zinaogelea, soya sosi imegeuza kila kitu rangi ya tope.

"Mama Ghati, ile inaliwa hivyo hivyo!"

"Mbichi? Kwani wewe mbuzi?"

Tukasikia kitu chumbani. Mama alikuwa anacheka. Kicheko kidogo, kikavu, lakini kicheko, sijakisikia tangu augue. Akaniita.

"Hiyo ndiyo chakula ya Ikoma?"

"Ndiyo mama. Ilikuwa."

"Na hawaipiki?"

"Hawaipiki."

Akaangalia dari. Halafu akasema, "Lete hapa. Tengeneza nikiona."

Nilitoka mbio sokoni, sikumbuki hata kama nilifunga mlango. Na hapa ndipo recipe ilipo, wale mliokuwa mnaruka mistari rudini.

Kabichi chagua nzito, iliyofunga, ukiibonyeza isibonyee. Osha kwa maji safi ya kunywa yenye chumvi, mimi nilitumia ya dukani. Toa ule mshipa mnene wa katikati, kata nyembamba mpaka uone kisu kupitia jani. Karoti kwaruza, hoho kata kama njiti, majani ya kitunguu kidogo.

Dressing ni siki, soya sosi, asali, limao, tangawizi mbichi iliyopondwa na mafuta ya kula kidogo sana. Kule lodge tulikuwa na mafuta ya ufuta, hapa Tarime sikuyapata, na hayakukosekana.

Noodles za pakiti usizipike. Zivunje vunje ndani ya pakiti yake kwa mkono. Kile kipakiti cha viungo mimi natupa, kinaleta chumvi nyingi. Karanga nunua zilizokaangwa. Na dressing usimwage mpaka mlaji awe amekaa, ukiwahi zinalainika na hapo umeharibu kila kitu.

Nikakaa kwenye stuli pembeni ya kitanda, ubao mapajani. Mama akajiinua, nikampa mto. Akaanza kunihoji kama hakimu.

"Hizo tambi nani amepika?"

"Zimetoka kiwandani hivyo, mama."

"Karanga?"

"Nimenunua kwa mama mmoja pale stendi."

"Mwanamke?"

"Mwanamke."

"Kwa hiki chakula, hapa kwako moto haujawashwa?"

"Haujawashwa."

Mama Ghati yuko mlangoni, mikono kiunoni, anafuatilia kesi. Mama akatafakari. Mimi nimeshikilia bakuli la dressing.

"Basi hujapika," akasema. "Umekata tu. Kukata hata baba yako anakata nyama."

Nikamwaga dressing, nikachanganya haraka, nikampa.

Akachukua kidogo kwenye kijiko. Akatafuna. Chumba kizima tunasikia kah, kah, kah. Meno ya mama yangu ni mazima kuliko yangu. Akaacha kutafuna, nikajua basi, anatema. Akameza.

"Inalia," akasema.

Akachukua tena. Akasema ile chachu imemfungua mdomo, uchungu umekimbia. Akachukua tena. Mama Ghati akaanza kufuta macho kwa khanga huku anasema ni vitunguu, na vitunguu vyenyewe alishavifunika. Mama alikula mpaka akainamisha bakuli akanywa kile kimaji cha chini. Akameza dawa. Tukakaa tunaangaliana, tunasubiri atapike.

Hakutapika.

Kesho yake nikatengeneza tena, na iliyofuata, asubuhi na jioni. Akapata nguvu, akaanza kukubali na uji wa Mama Ghati. Kabichi ya mtaa mzima niliimaliza mimi.

Sasa jioni moja amemaliza kula, ananirudishia bakuli, hakuliachia. Tumelishika wote wawili.

"Kumbe ndivyo mkono wako ulivyo," akasema.

"Mama, hapa sijapika. Umesema mwenyewe."

"Najua nilichosema." Akaliachia. "Kesho upike."

Nilidhani homa imerudi. Nikamuuliza, na mzee je? Akasema mzee yuko kijijini na ng'ombe wake, na ng'ombe hawana simu.

Asubuhi akatoka chumbani mwenyewe kwa kushika ukuta, akaingia jikoni, akakaa kwenye kiti. Mimi nimesimama nje ya mlango wa jiko langu mwenyewe. Akaniangalia.

"Unasubiri nini? Ingia."

Nikaingia. Nikawasha gesi. Nikampikia sato wa nazi kama tulivyokuwa tunawapikia wageni Ikoma, na yeye akaanza kuongea. Akaongea kuhusu bibi yake, kuhusu mvua ya mwaka aliozaliwa, kuhusu wimbo ambao wenzake walimwimbia siku anaolewa. Wakuu, niligeuza yule samaki machozi yamenijaa, sioni vizuri samaki wala sufuria.

Rhobi aliporudi kutoka Mwanza alitukuta hivyo hivyo. Akapigwa na butwaa mlangoni, mkoba bado begani. Akataka kuja kunipokonya mwiko, ndivyo mkwe mwema anavyotakiwa kufanya mbele ya mama mkwe. Mama akamwinulia mkono.

"Muache. Wewe umetoka safari, kapumzike. Mimi na mwanangu tuna maongezi."

Mama sasa amerudi kijijini, mzima, ananenepa. Pale nyumbani kwake sheria ni ile ile, nikienda nakaa na mzee nasikiliza habari za ng'ombe, na sina ugomvi nayo. Ila kila baada ya muda anampigia Rhobi simu kwamba anakuja "kumuona daktari". Daktari mwenyewe alishamruhusu zamani. Akifika anapitiliza moja kwa moja jikoni, anakaa, ananisubiri nifunge duka.

Somo langu ni dogo: mila zetu nyingi zina mlango wa pembeni, na mara nyingi aliyeshika ufunguo ni yule yule unayemuogopa. Msisubiri mtu augue ndiyo mumuulize.

Karibuni mchangie. Wenye kujua pa kupata mafuta ya ufuta Tarime au Sirari mseme. Na nyie wanaume wenzangu, wa kwetu na wa mikoa mingine, nijibuni kwa ukweli: mama yako ameshawahi kula ulichompikia wewe?