Mkebe wa Mativo

Niseme wazi tangu mwanzo: Mativo hakuwa fundi kunishinda. Mimi ndiye niliyemfundisha kushika tezo, hapa nyuma ya nyumba za Shauri Moyo, chini ya bati tulipochongea vinyago. Alitoka kwao Machakos na viatu vya matairi na Biblia, nikampa nusu ya benchi langu. Alikuwa mpole kiasi cha kuudhi. Mtu mkorofi ukimwonea wivu una pa kuanzia, unamtukana unapumua. Mativo hakunipa hata nafasi hiyo.

Kazi yetu ilikuwa na uongo mmoja ambao kila fundi aliujua. Mpingo, ule mti mweusi mzito unaozama majini, ulikuwa adimu, kwa hiyo tulichonga jakaranda, mti mweupe, tukaupiga msasa, kisha tukausugua na rangi nyeusi ya viatu. Mtalii tukamwambia ni mpingo. Akifika kwao vidole vimekuwa vyeusi, hayo si yetu.

Mwaka wa 1984, mwaka ule wa njaa na mahindi ya manjano ya msaada, wateja walipungua na Mativo akaenda Industrial Area kutafuta kibarua. Kiwanda kimoja kilikuwa kinafungwa, akapewa kazi ya kuosha mapipa. Pipa la mwisho lilikuwa na mashapo ya rangi ya chai ya maziwa, yanatetemeka bila kuguswa. Akayachota katika mkebe wa mafuta ya kupikia, akidhani ni vanishi.

Alisugua kinyago cha kifaru. Asubuhi kilikuwa mpingo. Sisemi kilikuwa cheusi, nasema kilikuwa mpingo. Nilikikwaruza kwa kisu, weusi ukaingia hadi ndani. Nikakitumbukiza kwenye ndoo, kikazama. Nilisimama pale na mkono uliolowa, roho inaniuma.

"Hii kitu inasikia mtu," Mativo aliniambia. "Chenye uko nacho kwa roho ndiyo inashika. Juzi nilipaka twiga na njaa, mpaka saa hii ananuka githeri."

Yale mashapo hayakuwa na utulivu. Majirani wakigombana bombani, yalichemka ndani ya mkebe bila moto. Mativo aliyafunika kwa kitambaa na kungoja makelele yaishe.

"Nikupatie kidogo, Kitonga?" aliniuliza. "Lakini upake ukiwa umetulia."

Nilimwambia sihitaji. Ningepokeaje kitu kwa mtu niliyemfundisha? Lakini watalii walianza kupita benchi langu kana kwamba halipo. Hata mke wangu Koki, akiosha vyombo, akasema, "Huyo Mativo ana mkono, Baba Mwende." Sikula siku hiyo.

Ndipo kanisa letu la Makadara likataka sanamu ya Maria na mtoto, ya kuwekwa karibu na madhabahu. Mzee Laban, mwenyekiti wa parokia, alituambia kila mmoja alete yake, iliyo bora ibaki pale. Nikajua hii ni yangu. Miezi mitatu nilimchonga Maria kwa sura ya marehemu mama yangu, ambaye hakuwahi kupigwa picha hata moja. Nilimchongea pua yake fupi, na kovu la nyusi alilolipata mchi ulipomponyoka. Nilipomaliza, Koki alifunika mdomo kwa leso.

"Huyu ni mama," alisema. "Baba Mwende, umemleta."

Hapo ningeacha. Mtu mwenye akili angeacha. Lakini mama yangu alikuwa jakaranda nyeupe, na sanamu ya Mativo, ambayo hata uso haikuwa nao bado, ingekuwa mpingo. Jumamosi mchana, Mativo alipokwenda mazoezi ya kwaya, nikachukua mkebe.

Mdomoni nilisema mpingo, mpingo. Moyoni nilisema: Mativo ataona. Mativo atanyamaza. Mativo atarudi Machakos. Mashapo yalichemka hadi yakaniunguza vidole, nami niliendelea kusugua hadi mkebe ukaisha.

Jumapili asubuhi nilifunua gunia nililofunikia sanamu. Ulikuwa mpingo safi kuliko wowote niliowahi kuona. Lakini pua ilikuwa ndefu, kovu halikuwepo, na mwanamke aliyenitazama sikumjua. Nilikuwa bado nimeshika gunia Mativo alipokuja kunipitia twende kanisani. Alivua kofia. Akachuchumaa.

"Kitonga," alisema polepole, "ulimjulia wapi mama yangu?"

Mama yake alikufa yeye akiwa na miaka minne. Ndiyo sababu sanamu yake haikuwa na uso. Alikuwa amejaribu kumkumbuka akashindwa, hadi alipouona uso huo. Mimi nilikuwa na vitu viwili moyoni, mama na Mativo, na ile dawa ikavichanganya. Nilitaka kumwambia kwamba nimemwibia. Alikuwa analia, nikaishia kumsaidia kuinyanyua sanamu.

Aliibeba mwenyewe hadi Makadara. Mbele ya waumini wote akasimulia jinsi Kitonga alivyomchonga mama wa mwenzake badala ya wake. Wakanipigia makofi. Mzee Laban akasema upendo wa namna hiyo ni nadra siku hizi. Koki peke yake hakupiga. Aliitazama ile sanamu, kisha akanitazama mimi, na hadi leo hajaniuliza.

Nimemchonga mama tena mara saba. Pua naipata, lakini uso haurudi. Kila Jumapili Mativo hukaa kiti cha mbele karibu na mama yake, na misa ikiisha hunishika mkono na kuniita ndugu. Nami hukaa nyuma, wivu umenijaa hadi kooni, nikijaribu kukumbuka lile kovu lilikuwa kwenye nyusi ya upande gani.